Gangnam, Kibokoni na Fumbo Lisilovuka Bahari

Mwisho wa mwaka 2012 tulikuwa na harusi kwetu Mji wa Kale. Usiku wa kumpamba bibi harusi nilikaa ubavuni mwa shangazi yangu, safu ya tatu, karibu na feni. Taarab ilishapigwa, chakacha ilishachezwa, maji ya machungwa yalishapita. Ghafla mpiga muziki akaweka wimbo wa Kikorea. Wasichana wote ukumbini wakasimama, wakakunja mikono mbele kama walioshika hatamu, wakarukaruka kama wapanda farasi. Hata mabibi wawili waliokuwa wakilalamikia magoti tangu magharibi waliinuka.

Shangazi akaniinamia sikioni. "Huyu yuasemani?"

"Sijui, shangazi."

"Hujui, nawe wacheza?"

Nikacheka. Yeye hakucheka. "Haya, chezani. Lakini siku mtu akiwatukana kwa lugha hiyo, mtamchezea vivyo hivyo."

Nilikwenda nyumbani na maneno hayo, nikaanza kuuliza na kusoma. Nikagundua kwamba shangazi, bila kujua neno moja la Kikorea, alikuwa amegusa penyewe. Wimbo ule kweli ulikuwa unamsema mtu. Na jambo la pili nililoligundua liliniuma zaidi: nyimbo zetu wenyewe za kusema watu, zilizotungwa hatua chache kutoka nilipozaliwa, nilikuwa nikizicheza kwa ujinga uleule. Makala haya yaeleza mambo hayo mawili kwa pamoja, kwa faida ya vijana wetu wanaopenda muziki wa Korea na wazee wao wanaoushangaa.

Mtu anayesemwa ndani ya Gangnam Style

Mwenye wimbo ni PSY, jina lake la kuzaliwa Park Jae-sang, aliyezaliwa mwaka 1977. Gangnam ni sehemu ya jiji la Seoul iliyo ng'ambo ya kusini ya mto Han, na jina lenyewe maana yake ni kusini ya mto. Hadi miaka ya 1960 sehemu kubwa ya huko ilikuwa mashamba. Kisha mji ukavuka mto, ardhi ikapanda bei, na mahali palipokuwa pa wakulima pakawa pa wenye pesa, maduka ya vitu vya anasa na madaktari wa kurekebisha sura. Kusema "mimi ni wa Gangnam" kukawa ni kujisifu.

PSY mwenyewe ni mtoto wa huko. Kwa hivyo alijua jambo ambalo mgeni hangelijua: mtu wa Gangnam hasa hana haja ya kulitangaza. Anayelitangaza ni yule anayejifanya. Wimbo unamhusu huyo, mwenye kuvaa asichokuwa nacho.

Tazama tena ile video, iliyotolewa tarehe 15 Julai 2012, lakini safari hii usiangalie miguu. Mwanzoni PSY anaonekana amejilaza kwenye kiti akiota jua, kama yuko ufuoni. Kamera inaporudi nyuma, ule ufuo ni kiwanja cha watoto kuchezea. Anatembea kwa madaha na wanawake wawili, upepo unavuma, na kinachopeperuka juu yao ni takataka. Anaketi kwa hasira za kiume, na kumbe aketi chooni. Karibu kila picha inaanza na fahari na kuishia na aibu. Ule mchezo wa farasi nao ni sehemu ya kejeli. Kupanda farasi ni starehe ya matajiri, na huyu anaipanda hewa.

Yaliyofuata yajulikana. Wimbo ulishika nambari 1 Uingereza, na Marekani ukakaa nambari 2 kwa wiki 7. Mwezi wa Oktoba Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, Ban Ki-moon, naye Mkorea, alijaribu hatua zile pamoja na PSY. Tarehe 21 Desemba 2012 ukawa video ya kwanza katika YouTube kutazamwa mara bilioni 1. Miaka miwili baadaye ulipita 2,147,483,647, hesabu ya mwisho ambayo kihesabio cha YouTube kilikuwa kimepangwa kuifikia, ikabidi kihesabio chenyewe kipanuliwe.

Sasa jiulize: katika mabilioni hayo, ni wangapi waliojua kwamba wanamcheka mtu? Wakorea walijua. Baadhi ya waandishi wa magazeti walieleza. Sisi wengine tuliyapokea matako ya farasi na kofi la ngoma, basi. Kejeli ilibaki Seoul, mdundo ukaja mpaka ukumbini kwetu.

Haya si mageni kwetu

Siku chache baada ya harusi nilimweleza shangazi yote hayo. Nilidhani atastaajabu. Akatikisa mkono. "Haya si mageni. Sisi tulikuwa na wimbo wa mlango."

Akanisimulia kwamba zamani, upande wa Kibokoni, kulikuwa na nyumba iliyotiwa mlango mpya wa nakshi, mlango mzito wa kusimamisha wapita njia, na ndani jikoni moto hauwaki. Mwenye nyumba alikopa kwa ajili ya mlango, watoto wakawa wanatumwa kwa jirani kuomba unga. Wanawake wa mtaa hawakumwendea kumwambia neno. Walingoja harusi. Harusini kikaimbwa kitu juu ya mlango uliosahau kuwa nyuma yake kuna nyumba. Hakuna jina lililotajwa. Mwenyewe alikuwapo, akapiga makofi pamoja na wengine, na kesho yake hakutoka nje.

Mwanamume anayeota jua kwenye mchanga wa watoto, na mlango wa nakshi mbele ya jiko baridi. Mlengwa ni mmoja.

Sisi tuna majina mengi ya kazi hii, na kila moja lina mahali pake. Kejeli na dhihaka ni kumcheka mtu. Kijembe ni neno dogo linalokata. Fumbo ni maneno yenye nje na ndani: kwa nje waimba juu ya ndege, ua au chombo, kwa ndani wamsema mtu aliye hai na aliyeketi hapo. Wenzetu wa Tanzania wana mipasho, ambayo siku hizi husemwa wazi zaidi. Wazee wa kwetu waliona kwamba kadiri neno linavyofichwa ndivyo linavyouma, na ndivyo msemaji anavyookoka. Ukiulizwa, wajibu: "Mimi nimeimba mlango. Kwani wewe ni mlango?"

Hili halikuanza na taarab. Mombasa ilikuwa na Muyaka bin Haji, aliyezaliwa yapata mwaka 1776 na kufariki yapata 1840, katika siku za utawala wa Mazrui na kuanguka kwao. Kabla yake mashairi mengi yaliyohifadhiwa kwa maandishi ni ya dini na tenzi ndefu. Muyaka aliyatoa mashairi hadharani, akayatia siasa, njaa, mapenzi, wivu na masimango. Wakati Mombasa na Pate zilipopigana na Lamu katika vita vya Kuduhu, mwanzoni mwa miaka ya 1810, washairi wa pande hizo walirushiana beti kama walivyorushiana risasi. Malumbano yale yamekusanywa na Ann Biersteker na Ibrahim Noor Shariff katika kitabu Mashairi ya Vita vya Kuduhu, cha mwaka 1995. Mtu wa Mombasa alitunga, jahazi likachukua shairi, wa Lamu akajibu kwa vina vilevile. Hapo palikuwa na kusambaa kwa haraka ya pepo za wakati ule.

Wanawake walikuwa na uwanja wao. Katika karne ya 20 vyama vya lelemama vya Mombasa vilishindana kwa mavazi, karamu na nyimbo. Vilivyotajika sana ni Ibinaal Watan na Banu Saada. Mwanahistoria Margaret Strobel, aliyeandika juu ya wanawake Waislamu wa Mombasa kati ya mwaka 1890 na 1975, aonyesha jinsi vyama hivyo vilivyokuwa shule ya uongozi. Wanawake walijifunza kupanga watu, kukusanya pesa na kusimama mbele ya umati. Nyimbo za mashindano zilikuwa silaha. Aliyevunja mwiko wa mtaa alijua kwamba huenda ataimbwa.

Na asiyejua kuimba alikuwa na leso. Tangu mwaka 1887 duka la Kaderdina Hajee Essak, lililo Biashara Street, limekuwa likiuza leso zenye alama ya Mali ya Abdulla, na jina lililochapwa chini ya leso limepeleka ujumbe mwingi kuliko posta. Wanunua leso, wajifunga, wapita mbele ya dirisha la unayemkusudia, wenda zako. Hukusema neno.

Kwa nini fumbo halipandi ndege

Kwa nini basi kejeli ya Gangnam ilibaki nyuma, na kwa nini zetu pia hubaki? Nimelifikiri jambo hili kwa miaka, na jibu langu ni rahisi. Kejeli yataka majirani.

Fumbo halikamiliki mdomoni mwa mwimbaji. Hukamilika kichwani mwa msikilizaji anayejua ni mlango upi, unga uliombwa kwa nani, na mwenye mlango ameketi safu gani. Mji wetu wa Kale umejengwa kwa namna ya kulea sanaa hiyo. Nyumba zashikana kuta, vichochoro havipiti gari, na anayeketi barazani ajua nani ametoka na nani hajarudi. Watu wanaoishi hivyo hawawezi kutukanana wazi kila siku, kwani kesho wataazimana sufuria. Hivyo neno lazima lizungushwe. Sheria hiyo ya ujirani ndiyo iliyozaa fumbo, na ndiyo inayolifunga lisitoke.

Angalia tuzo katika taarab. Mwanamke husikiliza mpaka ufike ubeti anaoutaka, huinuka na noti mkononi, hucheza polepole mpaka mbele, humpa mwimbaji, na akirudi kitini hupita mahali fulani. Wimbo huenda ulitungwa miaka ishirini nyuma, juu ya watu wengine kabisa. Kwa noti ile moja umegeuka wake, na mlengwa ni mpya. Mtu aliyerekodi sauti peke yake amerekodi nusu. Nani aliinuka, wakati gani, alimtazama nani, hayo hayamo katika kanda.

Rekodi za kwanza kubwa za taarab ya Kiswahili zinaonyesha hivyo. Siti binti Saad wa Unguja alisafiri na wenzake hadi Bombay mwaka 1928 kurekodi sahani, na sauti yake ikaenea pwani nzima na bara. Mojawapo ya nyimbo zake mashuhuri, Kijiti, yasimulia mauaji ya mwanamke mgeni Unguja, muuaji akatoroka, na lawama ya sheria ikawaangukia mashahidi. Ilikuwa ni kuisuta mahakama ya wakati wa ukoloni. Leo wimbo huo wapigwa kama kumbukumbu tamu ya zamani. Wengi huutikisia kichwa bila kujua kwamba ndani yake kuna maiti na hakimu.

Nasi pia tumewafanyia wenzetu vivyo hivyo. Mohamed Khamis Juma Bhalo, mwimbaji wetu mkubwa aliyefariki mwaka 2014, alijulikana kwa taarab yenye lahani za filamu za Kihindi. Filamu zilikuja Mombasa, watu wakazipenda nyimbo zake, na maneno ya Kihindi yakaachwa mlangoni mwa sinema. Mahali pake yakatiwa mashairi ya Kiswahili cha Mombasa, mengi yakiwa ya ndugu yake, mshairi Ahmad Nassir. Lahani ilivuka Bahari ya Hindi, maneno hayakuvuka. Hatukuona haya, wala sioni kosa. Muziki siku zote umesafiri hivyo: mwili hupanda chombo, roho ya maneno hubaki, na huko uendako hupewa nyingine. Lakini Juma Bhalo alijua anachokifanya. Aliondoa maneno akatia maneno. Sisi siku hizi twaondoa maneno tukaacha patupu.

Makmende: kejeli ya Kenya iliyotoka nje

Kabla ya PSY, Kenya ilikuwa na tukio lake. Mwezi wa Machi 2010 kundi la Just a Band la Nairobi lilitoa video ya wimbo Ha-He. Ndani yake kuna shujaa aitwaye Makmende, mwenye nywele za duara na suruali pana, anayepiga maadui kumi bila kutoka jasho. Ilikuwa mzaha juu ya filamu za mapigano za Wamarekani weusi za miaka ya 1970, na mzaha juu yetu sisi tuliokua tukiziiga.

Jina lenyewe ni kichekesho. Watoto wa mitaa ya Nairobi walimsikia Clint Eastwood katika filamu ya mwaka 1983 akimwambia jambazi amfurahishe siku yake, yaani thubutu uone. Maneno yale ya Kiingereza, yakipita masikioni mwa watoto, yakatoka "makmende". Likawa jina la mtoto anayejiona jabari: wajifanya makmende? Ni Gangnam yetu hasa, neno la kumsuta anayejivika asichokuwa nacho.

Katika siku chache Wakenya walianza kutungiana visa vya Makmende mitandaoni, picha zake zikabandikwa kwenye noti za pesa na majalada ya magazeti ya uongo, na vyombo vya habari vya nje vikaandika kwamba hicho ndicho kichekesho cha kwanza cha Kenya kusambaa hivyo katika intaneti. Lakini kilisambaa hasa mikononi mwa Wakenya, walio nyumbani na walio ughaibuni. Ulaya na Marekani waliona shujaa wa kuchekesha. Aliyecheka mpaka akalia ni yule aliyewahi kuitwa makmende akiwa na miaka tisa, kwa kuruka ukuta akaanguka. Kejeli ilisafiri umbali uleule uliofikiwa na majirani, hata kama baadhi ya majirani hao walikuwa Minnesota.

Jambo Bwana: upande wa pili wa bahati

Mombasa nayo ilikuwa na wimbo uliozunguka dunia, miaka thelathini kabla ya Gangnam. Them Mushrooms, kundi lililoanza hapa Mombasa mwaka 1972, walikuwa wakipiga katika hoteli za ufuoni. Teddy Kalanda Harrison aliona wageni wakitaka kujifunza salamu mbili tatu za Kiswahili, akawatungia wimbo wa salamu hizo, na mwanzoni mwa miaka ya 1980 ukatoka Jambo Bwana. Wageni walirudi nao makwao. Mwaka 1983 kundi la Boney M. lilitoa toleo lake, na tangu hapo umeimbwa na watu wasio na hesabu. Maneno mawili yaliyoenea nao, hakuna matata, yakaingia katika filamu ya The Lion King mwaka 1994. Kampuni ya Disney ikayasajili kama alama yake ya biashara, na mwaka 2018 watu zaidi ya laki moja walitia sahihi kulalamika kwamba lugha ya watu haisajiliwi.

Huu si wimbo wa kejeli. Ni wimbo wa ukarimu, na umelisha familia nyingi za wanamuziki kando ya bwawa la kuogelea. Nautaja kwa sababu waonyesha jambo lile kwa kulipindua. Gangnam Style ulikuwa mzaha juu ya mtu anayejifanya, ulimwengu ukaupokea kama sherehe. Jambo Bwana ulikuwa somo dogo kwa mgeni, ulimwengu ukaupokea kama sisi. Twajua sote kwamba Mombasa mtu hamwamkii mzee wake "jambo bwana". Twasema shikamoo, hujambo, u hali gani, waambaje. Tena ukimwuliza mtu wa Kibokoni habari, hatakwambia hakuna matata. Atakwambia alhamdulillahi, kisha akuorodheshee matata yake yote mpaka chai ipoe.

Na bado nimeona kijana wa kwetu, aliyezaliwa Kuze, akimlaki mgeni mbele ya Ngome kwa "jambo, hakuna matata", sauti imetiwa sukari. Simlaumu, atafuta riziki. Lakini nilipomwona niliikumbuka ile video. Huyu sasa ndiye amepanda farasi wa hewa, na aliyemtengenezea farasi ni umaarufu wa wimbo wetu wenyewe.

PSY mwenyewe alionja ukali wa maneno yanayovuka bila majirani. Desemba ya mwaka uleule wa 2012, siku chache kabla ya kutumbuiza Washington mbele ya Rais Obama, vyombo vya habari vya Marekani viligundua kwamba miaka ya 2002 na 2004 alishiriki maonyesho ya kuwapinga wanajeshi wa Marekani, na kwamba maneno aliyoyaimba yalikuwa makali mno. Yalikuwa maneno ya wakati wa hasira nchini mwake, baada ya wasichana wawili wa shule kukanyagwa na gari la jeshi la Marekani, na baadaye vita vya Irak. Alipoyaimba, waliokuwa mbele yake walijua kilichotokea. Waliokuja kuyasoma miaka kumi baadaye walipewa maneno bila kisa chake. Ikambidi aombe radhi. Kwa hivyo mzaha wake uliposafiri ulipoteza makali, na hasira yake iliposafiri ilipoteza sababu.

Mtu aliyeitwa Sikujua

Kuna anayeweza kuniambia: ni hasara gani? Watu wacheze, wafurahi. Nyimbo za watu waliokufa zakuhusu nini?

Nitajibu kwa kurudi kwa Muyaka. Mashairi yake tunayo leo kwa sababu mwishoni mwa karne ya 19, nusu karne baada ya kufa kwake, mwanachuoni wa Mombasa, Mwalimu Sikujua bin Abdallah, aliyakusanya kutoka vinywani mwa watu pamoja na mmisionari Mwingereza W. E. Taylor. Hawakuandika beti tu. Waliandika pia maelezo: shairi hili lilisemwa siku gani, kwa nani, neno hili la kale maana yake nini, yule aliyejibu alijibuje. Karatasi hizo zimehifadhiwa London. Kutokana nazo William Hichens alichapisha diwani mwaka 1940, na Profesa Mohamed Abdulaziz akaandika kitabu chake mwaka 1979. Ondoa yale maelezo, na beti nyingi za Muyaka zingekuwa kwetu kama Gangnam Style kwa shangazi: sauti nzuri ya mtu asemaye asilojulikana. Mtu aliyeitwa Sikujua ndiye aliyetufanya tujue.

Sasa nije kwangu. Shangazi alikuwa na kaseti moja ya harusi, iliyorekodiwa kwa redio iliyowekwa sakafuni, makelele ya watoto yote yamo. Ule wimbo wa mlango umo upande wa kwanza. Alinieleza wote, ila jina la mwenye mlango. "Wenyewe wameshakufa," alisema, "lakini wajukuu wao wako, na mmoja ni mkwe wa mtu umjuaye. Stara." Nikaheshimu. Tukakubaliana kwamba siku nyingine atanieleza upande wa pili, wenye nyimbo tatu. Siku nyingine nikawa na kazi, nyingine yeye akawa na wageni. Alifariki mwaka 2019. Nyimbo tatu zile ninazo, nimezitia katika simu, sauti imesafishwa, nazisikia kila neno. Moja ni ya ndege aliyejenga kiota juu ya bandari. Wanawake wanaipigia vigelegele mahali pamoja, kwenye ubeti wa tatu, kwa nguvu ya ajabu, na mmoja anacheka kicheko ambacho nitampa pesa mtu akinieleza. Nimeuliza wazee wanne. Wote wanaujua wimbo. Hakuna anayejua ndege ni nani.

Kwa hivyo ombi langu kwa msomaji ni dogo. Siku hizi kila mtu harusini ameinua simu, na video twaitupa mitandaoni kabla pilau haijapoa. Rekodini, ni vizuri. Lakini kesho yake nenda kwa bibi yako, mwonyeshe ile video, uulize maswali manne: wimbo huu ulitungwa lini, ni nani aliyekuwa akiimbwa, alifanya nini, na watu walicheka wapi. Andika kwenye daftari. Akikataa kutaja jina, usimlazimishe. Andika "mtu fulani wa mtaa fulani", yatosha. Na usiyapeleke mitandaoni hayo, maana kijembe kina warithi pande zote mbili. Yaweke nyumbani.

Na vijana wanaopenda muziki wa Korea nao wana somo la kutufundisha. Nimewaona mabinti wa mtaani kwetu wakiketi usiku kutafuta maana ya kila neno la wimbo wa Kikorea, wakijifunza hata herufi zake, wakibishana juu ya rangi ya shati la mwimbaji na nini alikusudia. Bidii hiyo ndiyo iliyokuwa kazi ya Mwalimu Sikujua. Nawaomba wiki moja tu ya bidii hiyo kwa ajili ya kaseti zilizomo katika makabati ya nyanya zao.

Mwenye kumjua ndege aliyejenga juu ya bandari, tafadhali anitafute. Jina nitalisitiri.